Kamala Das, Madhavikutty, Kamala Surayya: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Wasomaji wengi wa Kiswahili humfahamu mwandishi huyu kupitia shairi moja au mawili ya Kiingereza, au kwa kusikia juu ya kitabu cha maisha yake kilichozua kelele. Majibu yafuatayo yanakusudia kumweka mahali pake, yaani katika jimbo la Kerala, na kutoa haki kwa nusu ya kazi yake ambayo kwa kawaida husahauliwa.

Kamala Das alikuwa nani, na kwa nini ana majina matatu?

Alikuwa mshairi na mwandishi wa hadithi fupi, riwaya na kumbukumbu, aliyezaliwa tarehe 31 Machi 1934 katika kijiji cha Punnayurkulam, eneo la Malabar ambalo leo limo katika wilaya ya Thrissur, Kerala, kusini magharibi mwa India. Alifariki mjini Pune tarehe 31 Mei 2009 akiwa na umri wa miaka 75. Mashairi yake ya Kiingereza aliyatoa kwa jina la Kamala Das, ambalo ni jina lake la ndoa. Hadithi na riwaya zake za Kimalayalam zilitoka kwa lakabu ya Madhavikutty, na hadi leo watu wa Kerala wanapozungumzia fasihi yao humtaja kwa jina hilo kwanza. Aliposilimu mwaka 1999 alijiita Kamala Surayya. Majina yote matatu ni yake halali, na kila moja lina wasomaji wake, ambao si lazima wawe wamewahi kukisoma kilichoandikwa kwa jina jingine.

Kimalayalam ni lugha ya namna gani?

Ni lugha ya familia ya Kidravidi, ndugu wa karibu wa Kitamil, yenye hati yake yenyewe na fasihi ya karne nyingi. Sensa ya India ya mwaka 2011 ilihesabu wazungumzaji wake kuwa karibu milioni 35. Waswahili wanaoishi Muscat au Dubai huisikia kila siku, madukani na hospitalini, kwa kuwa Wakerala wengi sana wamehamia nchi za Ghuba kutafuta kazi. Ni muhimu msomaji asidhani kwamba Kamala aliacha lugha changa isiyo na wasomaji ili akimbilie Kiingereza. Tuzo ya Jnanpith, iliyo kubwa kuliko zote za fasihi nchini India, ilipotolewa kwa mara ya kwanza kwa mwaka 1965 ilikwenda kwa mshairi wa Kimalayalam, G. Sankara Kurup. Kerala ilikuwa na magazeti, majarida ya kila wiki, maktaba za vijijini na wasomaji wakali, na ni wasomaji hao waliompandisha Madhavikutty na ndio pia waliomshambulia.

Alilelewa katika familia gani?

Alizaliwa ndani ya fasihi. Mama yake, Nalapat Balamani Amma (1909–2004), alikuwa miongoni mwa washairi wakubwa wa Kimalayalam wa karne ya 20, ingawa hakupata masomo rasmi ya shule. Alijielimisha kwa vitabu vya mjomba wake, Nalapat Narayana Menon. Mjomba huyo, aliyekuwa mshairi na mfasiri, ndiye aliyeifasiri *Les Misérables* ya Victor Hugo kwa Kimalayalam kwa jina la *Pavangal*, tafsiri iliyoanza kuchapishwa mwaka 1925 na ambayo waandishi wengi wa Kerala wa kizazi kilichofuata waliitaja kuwa iliwafungua macho kuhusu maskini kama wahusika wa kazi ya fasihi. Baba yake Kamala, V. M. Nair, alifanya kazi Kolkata katika kampuni iliyouza magari ya kifahari, kisha akawa mkurugenzi wa kampuni ya gazeti la *Mathrubhumi*.

Jamaa zake wa kikeni walikuwa Wanair, jamii ambayo kwa mapokeo yake ukoo na mali vilifuata upande wa mama, na mjomba mkubwa ndiye aliyekuwa msimamizi wa nyumba ya ukoo. Mfumo huo ulikuwa ukidhoofika tangu mwanzo wa karne ya 20, na hatimaye bunge la Kerala lilipitisha sheria ya kuyafuta maungano hayo ya mali za ukoo mwaka 1975. Kwa hiyo nyumba ya Nalapat inayotajwa mara kwa mara katika kazi zake, yenye bibi mzaa mama, watumishi, kichaka kitakatifu cha nyoka na mti wa *neermathalam* unaochanua maua meupe, ilikuwa nyumba ya ulimwengu uliokuwa ukiondoka. Bibi huyo ndiye mtu anayependwa kuliko wote katika maandishi yake yote. Kwa maoni yangu, shairi fupi la Kiingereza juu ya nyumba ya bibi, ambamo msemaji anatamani kurudi kuchungulia madirisha yake baada ya bibi kufa, lina uzito kuliko mashairi yake mengi ya mapenzi yanayonukuliwa zaidi.

Je, alisoma chuo kikuu?

Hapana. Utoto wake uligawanyika kati ya Kolkata, alikosoma shule iliyofuata mtindo wa Kiingereza, na kijiji cha Punnayurkulam. Akiwa na umri wa miaka 15 aliozwa kwa Madhava Das, mtumishi wa benki aliyekuwa mkubwa kwake kwa miaka mingi na ambaye baadaye alifanya kazi katika Benki Kuu ya India. Walizaa watoto watatu wa kiume na kuhama kwa ajili ya kazi ya mume, wakiishi katika miji kama Bombay, Kolkata na Delhi. Aliwahi kueleza kwamba hakuwa na chumba wala meza ya kuandikia. Alisubiri familia ilale, akaondoa vyombo kwenye meza ya jikoni aliyoitumia kukatia mboga, kisha akakaa kupiga taipu hadi alfajiri. Mumewe, ambaye katika vitabu vyake anachorwa mara nyingine kwa ukali usio na huruma, ndiye pia aliyemtia moyo aandike kwa kuwa malipo ya majarida yalisaidia matumizi ya nyumba. Alifariki mwaka 1992.

Kwa nini aliandika kwa Kiingereza ilhali alikuwa na lugha yake?

Swali hili aliulizwa tangu mwanzo, na jibu lake ni shairi *An Introduction*, lililomo katika diwani yake ya kwanza ya Kiingereza, *Summer in Calcutta*, ya mwaka 1965. Msemaji wa shairi anajitambulisha kuwa Mhindi wa rangi ya kahawia iliyokolea, mzaliwa wa Malabar, anayezungumza lugha tatu, anayeandika kwa mbili na kuota kwa moja. Kisha anawageukia wahakiki, marafiki na binamu wanaomwambia asitumie Kiingereza kwa kuwa si lugha mama yake, na kuwataka wamwache, kwa sababu lugha anayoitumia inakuwa yake pamoja na makosa na ugeni wake wote. Sehemu inayofuata ya shairi husomwa kwa haraka mno na wengi: watu haohao wanaomchagulia lugha ndio wanaomwamuru avae sari, awe mke, apike na ashone. Kwa Kamala, kuamriwa uandike kwa lugha gani na kuamriwa uwe mwanamke wa namna gani ni amri moja, inatoka kinywani mwa watu walewale.

Hata hivyo jibu hilo la kishairi lisitufanye tusahau hali halisi. Mkusanyo wake wa kwanza wa hadithi za Kimalayalam, *Mathilukal*, ulitoka mwaka 1955, na uliofuata, *Pathu Kathakal*, mwaka 1958. Diwani ya Kiingereza ilipotoka, Madhavikutty alikuwa na muongo mzima wa kuchapishwa katika lugha yake. Mwandishi huyu hakuhama lugha. Alikuwa na makao mawili, na alianzia katika yale ya kwao.

Je, aliandika mambo yaleyale katika lugha mbili?

Hapa ndipo wasomaji wengi hupotea, na ndiyo sababu jibu hili ni refu. Kamala aligawa kazi: ushairi aliuandika zaidi kwa Kiingereza na nathari zaidi kwa Kimalayalam. Mgawanyo huo ulikuwa na mantiki. Katika Kimalayalam mama yake mzazi alikuwa tayari mshairi mkubwa, aliyeheshimiwa kwa mashairi ya kumtukuza mama na mtoto, na binti aliyetaka kuandika juu ya mwili, uchovu wa ndoa na mapenzi nje ya ndoa angelazimika kufanya hivyo chini ya kivuli cha mama huyo. Katika Kiingereza hapakuwa na kivuli hicho. Kulikuwa na kundi dogo la washairi wa mijini, akiwemo Nissim Ezekiel wa Bombay, waliokuwa wakitafuta namna ya kuandika mashairi huru kwa Kiingereza cha mazungumzo ya Kihindi. Msomaji aliyezoea vina na mizani atayaona mashairi ya Kamala kuwa yametiririka tu bila kufungwa, na kwa kweli baadhi yake hayakupigwa msasa wa kutosha. Yaliyo bora, kama yale ya diwani ya *The Descendants* (1967) na *The Old Playhouse and Other Poems* (1973), yana nguvu ya mtu anayekueleza jambo usoni bila kukuomba radhi.

Madhavikutty wa Kimalayalam ni mtu mwingine. Mshairi wa Kiingereza husema "mimi" karibu katika kila ubeti. Msimulizi wa Kimalayalam hujificha. Hadithi zake ni fupi, nyingine kurasa chache tu, hazina mahubiri, na mara nyingi jambo kubwa limekwisha kutokea kabla hadithi haijaanza. Anayemsoma kwa Kiingereza peke yake hupata picha ya mwanamke anayeungama kwa sauti kubwa, kisha humhukumu kwa picha hiyo. Msomaji wa Kerala anajua kwamba mkono huohuo uliweza kunyamaza.

Ni hadithi zipi fupi zinazopendwa zaidi Kerala?

Inayotajwa mara nyingi ni *Neypayasam*, jina la uji mtamu unaopikwa kwa samli. Mwanamume wa tabaka la chini la watumishi wa ofisi anarudi nyumbani baada ya kumchoma maiti mkewe, aliyeanguka na kufa ghafla akiwa katika kazi za nyumba. Watoto wana njaa na hawajaelewa kilichotokea. Jikoni kuna chakula alichokipika mama asubuhi ile, pamoja na uji huo mtamu. Baba anafikiri kwamba labda haifai kula chakula cha marehemu, lakini watoto wanakula na kuusifu uji wa mama. Hakuna zaidi ya hayo. Mwandishi hatuelezi kuhusu mapenzi ya mume na mke wala haki za wanawake; ametuonyesha tu kiasi cha kazi ambacho mwanamke yule alikwisha kukifanya kabla ya kufa, na kwamba kazi yake inaendelea kulisha nyumba baada yake.

*Pakshiyude Manam*, yaani "Harufu ya Ndege", ni ya sura tofauti kabisa: mwanamke anakwenda kutafuta kazi katika jengo kubwa la ofisi mjini, anapotea miongoni mwa vyumba na korido, na anayemkuta humo ni mauti. Hadithi hiyo ilisaidia kuuingiza upweke wa mji mkubwa katika nathari ya Kimalayalam, ambayo hapo awali ilikuwa imejishughulisha sana na kijiji, ukoo na tabaka. Mkusanyo wa *Thanuppu* wa mwaka 1967 ulimpatia tuzo ya Akademia ya Fasihi ya Kerala.

Na riwaya?

Aliandika kadhaa, fupi kwa sehemu kubwa. *Chandanamarangal* ("Misandali") ya mwaka 1988 inahusu mapenzi ya wanawake wawili tangu ujana wao, mada iliyokuwa nadra sana katika fasihi ya Kihindi wakati huo, na inaisimulia kwa utulivu, bila kuifanya kioja. Riwaya yake ya Kiingereza, *Alphabet of Lust* ya mwaka 1976, haina kiwango hicho. Kichwa chake kiliuza kuliko yaliyomo, na sioni sababu ya kumshauri mtu aanze nayo.

Kitabu cha *Ente Katha* kilizua ghasia gani?

*Ente Katha*, yaani "Hadithi Yangu", kilianza kutoka kwa mfululizo katika jarida la kila wiki la *Malayalanadu* mwaka 1972, na kikachapwa kama kitabu mwaka 1973. Kinasimulia utoto, ndoa ya mapema, usiku wa kwanza wa ndoa usio na upendo wowote, uzazi, maradhi, na mapenzi ya nje ya ndoa. Jamaa wenye ushawishi walijaribu kulizuia jarida lisiendelee, lakini mwandishi alikataa kurudi nyuma. Mhariri wa jarida hilo, V. B. C. Nair, alikumbuka baadaye kwamba mauzo yaliongezeka kwa nakala 50,000 katika muda wa majuma mawili.

Ghasia hizo zilikuwa na sababu zaidi ya mambo ya kitandani. Kwanza, msemaji hakuwa mwanamke wa pembezoni ambaye jamii ingeweza kumpuuza. Alikuwa binti wa Balamani Amma, wa nyumba ya Nalapat, mke wa mtu mwenye cheo. Pili, aliandika kwa lugha ambayo wajomba, mashangazi, majirani na watumishi wote waliisoma. Mashairi yake ya Kiingereza yalikuwa yamekwisha kusema mengi ya aina hiyo miaka saba kabla, na wahakiki wa miji mikubwa waliyapokea kama ujasiri wa kisanaa. Yaleyale yalipokuja kwa Kimalayalam yaligeuka kuwa kashfa ya ukoo. Sijui ushahidi ulio wazi kuliko huo kwamba lugha mbili za mwandishi mmoja zinaweza kuwa na gharama mbili zisizolingana.

Toleo la Kiingereza, *My Story*, lililotoka katikati ya miaka ya 1970, ni refu kuliko la Kimalayalam na limepangwa kwa namna nyingine, kwa hiyo si sahihi kulichukulia kuwa tafsiri ya moja kwa moja. Mwandishi alilitengeneza upya kwa wasomaji wengine.

Je, yote yaliyomo ni kweli?

Yeye mwenyewe alijibu kwa njia tofauti kwa nyakati tofauti: mara alisema ni maisha yake, mara alisema kuna mengi aliyoyabuni. Wasomaji waliokasirika waliyachukua maneno hayo kama ungamo la uongo. Mimi naona ni busara zaidi kukisoma kitabu hiki kama kazi ya msanii wa hadithi fupi aliyechagua kusimulia kwa "mimi", na kuacha kuhesabu wapenzi wake. Anayetaka kumbukumbu tulivu zaidi azitafute *Balyakala Smaranakal* ya mwaka 1987 na *Neermathalam Pootha Kalam* ("Majira Neermathalam Ilipochanua") ya mwaka 1994, ambazo zinairudia nyumba ya utotoni kwa upole mwingi. Wapo wasomaji Kerala wanaokiweka kitabu hiki cha pili juu ya vyote alivyoandika.

Alipata tuzo gani?

Pamoja na tuzo ya *Thanuppu*, alipata tuzo ya Sahitya Akademi, yaani akademia ya fasihi ya taifa la India, mwaka 1985 kwa mkusanyo wa mashairi yake ya Kiingereza, tuzo ya Vayalar mwaka 1997 kwa *Neermathalam Pootha Kalam*, na Ezhuthachan Puraskaram, heshima ya juu ya fasihi inayotolewa na serikali ya Kerala, mwaka 2002. Ni waandishi wachache wa India waliotuzwa kwa ngazi hiyo katika lugha mbili.

Je, alishiriki siasa?

Aligombea ubunge wa taifa mwaka 1984 kama mgombea binafsi katika jimbo la uchaguzi la Trivandrum (ndio Thiruvananthapuram), akashindwa. Mchango wake wa kisiasa wenye thamani umo katika mashairi. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 aliishi Colombo, na mashairi aliyoyaandika kutokana na mauaji ya Watamil ya Julai 1983 nchini Sri Lanka ni ushahidi mzuri kwamba hakuwa mshairi wa chumba cha kulala peke yake, kama alivyozoeleka kusemwa.

Kwa nini alisilimu, na Kerala ililipokeaje jambo hilo?

Alitangaza kusilimu Desemba 1999 akiwa na umri wa miaka 65, mjane, akavaa hijabu na kuchukua jina la Surayya. Alieleza kwamba katika Uislamu alipata upendo na ulinzi aliokuwa akiutafuta. Wahafidhina wa Kihindu walimwona msaliti, na alipokea vitisho; baadhi ya watetezi wa haki za wanawake walishangaa kwamba mwandishi wa *Ente Katha* anasifia stara; na baadhi ya Waislamu nao hawakujua wafanye nini na mwongofu aliyeendelea kusema analolitaka hadharani. Sababu za ndani zimeandikwa sana na waliomfahamu na wasiomfahamu, na nyingi ni uvumi usiofaa kurudiwa. Lililo wazi ni kwamba aliendelea kuandika, na mwaka 2001 alitoa diwani ya Kimalayalam iitwayo *Ya Allah*. Wanaosema kwamba alikuwa mtu mpya kabisa wangeisoma diwani hiyo kando ya mashairi yake ya zamani juu ya mungu wa Kihindu Krishna na mpenzi wake Radha: anayeongea bado ni mtu anayemtafuta mpenzi asiyeonekana, na anamwita kwa jina jingine.

Alizikwa wapi, na anakumbukwaje?

Mwili wake ulisafirishwa kutoka Pune hadi Kerala, akazikwa kwa heshima kamili za serikali katika makaburi ya Msikiti wa Palayam, Thiruvananthapuram, msikiti uliopakana na hekalu la Kihindu na kanisa kuu la Kikatoliki. Sehemu ya ardhi ya ukoo huko Punnayurkulam aliitoa kwa Akademia ya Fasihi ya Kerala, na leo pana jengo la kumbukumbu yake. Mwaka 2018 ilitoka filamu ya Kimalayalam iitwayo *Aami*, inayosimulia maisha yake, ikiongozwa na Kamal na kuchezwa na Manju Warrier.

Nisiyejua Kimalayalam nianzie wapi?

Anza na hadithi fupi zilizofasiriwa kwa Kiingereza, kwa mfano mkusanyo wa *The Sandal Trees and Other Stories*, ambao una riwaya fupi ya misandali pamoja na hadithi nyingine. Kisha soma *Summer in Calcutta* yote, siyo shairi moja lililowekwa katika vitabu vya shule, na ndipo uchukue *My Story*. Utaratibu wa kawaida, unaoanza na kitabu hicho cha mwisho, humfanya msomaji amtafute mtenda dhambi au shujaa katika kila ukurasa unaofuata, na hadithi kama *Neypayasam* haziwezi kusomwa kwa jicho hilo.